Goti Lenye Shimo na Goti Lililochakaa: Kupandikiza Mfupa na Gegedu Kunamfaa Nani?

Leo tuongee habari ya magoti. Kazi yangu ya ustawi wa jamii inanizungusha vijijini, na ni nadra niingie boma nikose mtu wa goti. Mzee anashika ukuta akipanda ngazi. Mama hawezi kuchutama kupalilia vitunguu. Kijana wa mpira amejifunga bandeji na anasema ni kitu kidogo tu. Na siku hizi kumeingia neno jipya: kupandikiza. Watu wanaambiwa kuna hospitali ambako goti bovu linatiwa mfupa na gegedu na kuwa jipya. Jambo lenyewe ni la kweli. Lakini limeleta hasara pia, na hasara moja karibu niisababishe mimi mwenyewe, kwa hivyo acha nianze nayo.

Mwaka 2023 nilipata kesi mbili za magoti karibu wakati mmoja. Ya kwanza ilikuwa ya mama wa miaka 63, mchuma chai. Magoti yake yote mawili yalikuwa yamevimba na miguu imepinda kwa nje kama upinde. Wanawe walikuwa wamekutana na wakala wa kupeleka wagonjwa ng'ambo. Aliwaambia mama atapandikizwa gegedu na atarudi akitembea kama msichana. Walikuwa tayari kuuza nusu eka ya majani chai, na kwa kile kitakachopungua walitaka harambee. Barua ya harambee niliiandika mimi. Niliandika kwa mkono wangu kwamba mama anahitaji kupandikizwa gegedu la goti, na hata sikujua gegedu ni nini.

Kesi ya pili ilikuwa ya kijana wa bodaboda wa miaka 22. Alikuwa akicheza mpira Jumapili jioni, akageuka ghafula, goti likalia. Uvimbe ulipoisha alirudi kazini, lakini mara kwa mara goti lilikuwa linajifunga. Halikunjuki wala halikunjiki mpaka alitikise. Huyu hatukumfanyia kitu. Tulimwambia, wewe ni kijana, jikande na maji ya chumvi, litapoa.

Kumbe tulikuwa tumekosea kotekote. Yule tuliyemwambia angoje ndiye aliyehitaji kupandikizwa, na yule tuliyetaka kumuuzia shamba, upasuaji huo haungemsaidia hata kidogo.

Kilichotuokoa ni karatasi. Tulihitaji ripoti ya daktari wa mifupa ya kuambatanisha na barua, ndipo nikamsindikiza mama hospitalini. Daktari alipachika ile picha ya eksirei kwenye taa, akatuelezea pole pole bila haraka. Ninayoandika hapa ni yale aliyotufundisha siku hiyo pamoja na yale niliyosoma baadaye, kwa sababu niliona aibu.

Gegedu ni kitu gani?

Ukichinja mbuzi na kutenganisha mguu kwenye goti, utaona pale mwisho wa mfupa kitu cheupe kinachong'aa, kinateleza kama sabuni iliyolowa. Watoto hupenda kukitafuna. Hilo ndilo gegedu. Kwa binadamu linafunika mwisho wa mfupa wa paja, kichwa cha mfupa wa muundi, na upande wa ndani wa pia ya goti. Sehemu nyingi unene wake ni milimita 2 hadi 4 tu. Kati ya mfupa wa juu na wa chini kuna tena mito miwili midogo yenye umbo la mwezi mwandamo, ya kupunguza mshindo, halafu kuna ute wa kulainisha. Gegedu lenye afya likiwa na ute wake huteleza kuliko chuma kilichopakwa grisi.

Sasa sikilizeni ajabu yake. Gegedu halina mishipa ya damu, wala halina neva. Panga likikukata mkono, damu inatoka, inaganda, na chini ya lile gamba nyama mpya inaota. Gegedu likichanika hakuna damu ya kuganda, basi hakuna ukarabati unaoanza. Chakula chake linakipata kutoka kwa ule ute, linapominywa na kuachiliwa kama sponji kila unapopiga hatua. (Ndiyo maana goti la mtu asiyetembea kabisa nalo hudhoofika.) Jambo hili si geni. Mwaka 1743 daktari William Hunter aliandika huko London kwamba gegedu likishaharibika halirudi.

Na kwa sababu halina neva, unaweza kuliharibu bila kusikia lolote. Maumivu yanakuja baadaye, mfupa ulio chini yake unapoanza kubeba mzigo bila mto, au utando wa ndani wa goti unapovimba na kujaza maji. Mtu anakuambia goti limeanza kuniuma juzi, kumbe shida ina miaka kumi.

Hakuna kidonge, unga wala mafuta ya kupaka ambayo yamethibitishwa kuotesha gegedu upya. Nasema hivyo kwa sababu najua yanauzwa stendi ya matatu, na najua wanaoyanunua.

Shimo moja, au lami yote?

Barabara ya lami huharibika kwa njia mbili. Kuna ile ambayo ni nzuri mwendo wote, lakini mahali pamoja pana shimo. Wakija mafundi wakakata kingo, wakajaza na kushindilia, magari yanapita. Halafu kuna ile ambayo lami imekwisha, imebaki murram na mawe. Hiyo hata ulete malori kumi ya viraka, kiraka kitashika nini?

Goti ni hivyo hivyo. Kijana wetu wa bodaboda alikuwa na shimo. Kipande cha gegedu kilikuwa kimebanduka pamoja na mfupa kidogo, na kilikuwa kinaelea ndani ya goti. Ndicho kilichokuwa kinakwama kama kijiwe kwenye bawaba ya mlango. Sehemu nyingine zote za goti zilikuwa nzima. Mashimo ya namna hii hutokana na kuanguka, kugongwa, au kujipinda mguu ukiwa umekanyaga imara. Wengine, sana sana watoto wa shule na vijana, hupata ugonjwa ambapo kipande cha mfupa chini ya gegedu kinakosa damu, kinakufa na kulegea chenyewe. Mtoto anayelalamika goti kwa miezi, linavimba akikimbia na kupungua akipumzika, asipigwe kwamba anakwepa kazi. Apelekwe akapimwe. Kwa mtoto ambaye bado anakua, kipande kilicholegea bila kutoka mara nyingi hushika tena kwa kupumzishwa tu.

Mama wa chai alikuwa na lami iliyokwisha. Kwenye picha yake mifupa ilikuwa inagusana upande wa ndani wa goti, na pembeni imeota vijimwiba. Hapo gegedu limeisha juu na limeisha chini. Kupandikiza kunahitaji kingo nzima za kukishikilia kipandikizi, na kunahitaji upande wa pili ulio laini wa kuteleza nacho. Ukikiweka kipande kizuri kati ya mifupa miwili mikavu, kitasagwa.

Jambo moja la kuangalia hapa. Picha ya eksirei haionyeshi gegedu lenyewe, inaonyesha mfupa na ile nafasi iliyo katikati. Nafasi ikiwa imefungana mtu akiwa amesimama, unajua gegedu limeisha. Lakini shimo dogo laweza kupita bila kuonekana, na ndiyo maana daktari anaweza kutaka picha ya MRI, au aingize kamera nyembamba ndani ya goti na kuangalia kwa macho. Kwa hiyo kuambiwa kwamba eksirei ni safi si sawa na kuambiwa goti ni zima.

Kuhamisha mche pamoja na udongo wake

Sasa huko kupandikiza kwenyewe. Ilinichukua muda kuelewa, mpaka nilipofikiria kitalu cha miche.

Gegedu haliungani vizuri na gegedu lingine. Ukikata ukoko wa gegedu peke yake na kuubandika shimoni, hautashika. Lakini mfupa huungana na mfupa, kila aliyewahi kufungwa plasta anajua hivyo. Ujanja wote wa upasuaji huu uko hapo. Daktari hachukui gegedu peke yake, anachukua gegedu likiwa limekaa juu ya mfupa wake, kama sisi tunavyohamisha mche wa mparachichi na donge lake la udongo. Udongo ndio unaoshika shimoni. Mfupa wa kipandikizi unaungana na mfupa wa goti kwa muda wa wiki kadhaa, na gegedu lililo juu linaendelea kuishi kama lilivyokuwa.

Mtu aliyeutengenezea upasuaji huu vyombo na utaratibu wa kueleweka ni daktari László Hangody wa Budapest, Hungaria, ambaye alianza kuufanya kwa wagonjwa mwaka 1992. Mnakijua kile chuma chenye tundu ambacho mnunuzi wa mahindi hudunga nacho gunia, akavuta punje za ndani aone kama zimeoza? Chombo cha Hangody kinafanana nacho. Ni bomba dogo lenye makali. Linadungwa pembeni mwa goti lile lile la mgonjwa, mahali pasipobeba uzito mwingi, na linatoka na kijiti cha mfupa chenye kofia ya gegedu. Upana wa vijiti hivyo ni kuanzia milimita 2.7 hadi 8.5. Halafu shimo lililoharibika linatobolewa kwa kipimo hicho hicho, na vijiti vinapigwa ndani taratibu, kimoja kando ya kingine, kama vijiwe vya sakafu. Nafasi ndogo zinazobaki katikati, damu na kovu huzijaza.

Kazi hii inataka mkono wa fundi hasa. Kofia za gegedu lazima zilingane na uso wa goti. Kikichomoza kijiti kimoja hata kwa milimita moja, ndicho kitakachobeba uzito wote na kusugua upande wa pili. Kikizama, hakisaidii. Tena kuna ukomo, kwa maana huku ni kubomoa ukuta wa jikoni ili ujenge wa sebuleni. Goti halina mfupa mwingi wa kugawa, na pale palipochukuliwa napo panaweza kuuma baadaye. Kwa hiyo njia hii ni ya shimo la sentimita 1 hadi 4 za mraba. Kubwa kabisa ni kama sarafu ya shilingi kumi. Daktari mmoja wa San Francisco, Kevin Stone, alifuata njia tofauti kidogo. Yeye huchukua mfupa na gegedu kutoka kwenye upenyo wa katikati ya goti, anaviponda pamoja mpaka viwe kama uji mzito, halafu anavishindilia kwenye shimo lililochokolewa mpaka likatoa damu.

Shimo likiwa kubwa kupita hapo, kipande kinatoka kwa mtu aliyekufa, ambaye yeye au jamaa zake walikubali. Wazo hili ni la zamani. Erich Lexer wa Ujerumani alitoa habari za kuhamisha viungo vya maiti mwaka 1908. Lakini kazi ya kutegemeka ilianza Toronto, Kanada, mwaka 1972, chini ya daktari Allan Gross. Kipande hakigandishwi kwa barafu, kwa kuwa barafu huua chembe hai za gegedu. Kinawekwa kwenye maji ya dawa katika baridi ya kama nyuzi 4, kama ya friji ya maziwa, na kwa kawaida kinatumika kabla ya siku 28 kupita. Katika siku hizo huchunguzwa kama kina Ukimwi, homa ya ini na wadudu wengine. Lazima pia umbo lake lifanane na goti la anayepokea.

Watu huniuliza, je, mwili hautakikataa, kama figo inavyokataliwa? Hapo ule upungufu wa gegedu unageuka kuwa faida. Chembe zake zimejificha ndani ya kitu kigumu kisicho na damu, askari wa mwili hawazifikii kwa urahisi. Mfupa ulio chini unaoshwa kwa nguvu kutoa uboho na damu ya mwenyewe. Ndiyo maana aliyepandikizwa goti hamezi zile dawa za maisha ambazo aliyepandikizwa figo humeza. Na vipande hivi hudumu. Katika tafiti zilizofuatilia wagonjwa, karibu wanane kati ya kumi walikuwa bado wanacho baada ya miaka kumi. Lakini mnaona ugumu wake kwetu. Panahitajika benki ya viungo, maabara, baridi isiyokatika, na ndege ifike kwa wakati.

Njia ya tatu ndiyo kitalu chenyewe. Huko Gothenburg, Uswidi, Lars Peterson, Mats Brittberg, Anders Lindahl na wenzao walichukua kipande kidogo sana cha gegedu la mgonjwa, wakakikuza maabara kwa wiki kadhaa mpaka chembe zikawa nyingi, wakafungua goti tena na kuzimwaga shimoni chini ya utando walioushona kama kifuniko. Mgonjwa wa kwanza alifanyiwa mwaka 1987. Matokeo ya wagonjwa 23 yalipochapishwa mwaka 1994, dunia nzima ilishangaa. Mimi lakini naona hesabu yenyewe ina fundisho kuliko ule mshangao. Kati ya 16 waliokuwa na shimo kwenye mfupa wa paja, 14 walipata nafuu nzuri au nzuri sana. Kati ya 7 waliokuwa na shimo nyuma ya pia ya goti, ni 2 tu. Mikono ni ile ile na dawa ni ile ile, lakini mahali pa shimo paliamua. Siku hizi chembe hupandwa kwenye kitambaa maalum kwanza, na Marekani iliidhinisha namna hiyo Desemba 2016, ila bado ni upasuaji mara mbili na gharama yake ni ya kutisha.

Kuna njia nyingine isiyo kupandikiza, nayo ndiyo rahisi na ndiyo unayoweza kupewa kwanza. Daktari anasafisha shimo, anatoboa mfupa wa chini vitundu vidogo vidogo kwa msumari maalum, damu na uboho vinapanda na kuganda. Richard Steadman wa Colorado, Marekani, aliieneza miaka ya 1980. Kinachoota hapo si gegedu lenyewe, ni ndugu yake wa kambo, chenye nyuzi, kama nyasi zinazofunika mahali palipong'olewa chai. Kwa shimo dogo la kijana husaidia vizuri miaka ya mwanzo, halafu wengi hurudi nyuma.

Kabla ya hati ya shamba kutolewa sandukuni

Daktari wa mama alituambia neno moja ambalo nimelirudia kwa watu wengi. Gari ambalo ekseli yake imepinda hula tairi upande mmoja. Ukinunua tairi mpya bila kunyoosha ekseli, italiwa vile vile. Mguu wenye matege unaukandamiza upande mmoja wa goti, basi kipandikizi kitakachowekwa upande huo kitaliwa pia, isipokuwa mfupa unyooshwe kwanza au pamoja. Kano zikiwa zimekatika na goti linacheza, ni hivyo hivyo. Kama ile mito ya mwezi mwandamo iliondolewa yote, ni hivyo hivyo. Mwenye baridi yabisi, ule ugonjwa unaokula viungo vingi kwa pamoja, hafanyiwi. Uzito mkubwa wa mwili unaharibu kazi, na sigara inachelewesha mfupa kushika. Umri nao unaangaliwa. Madaktari wengi wanasita mtu akishafika miaka 50, ingawa kinachotazamwa hasa ni hali ya goti.

Kwa hiyo ukiambiwa goti lako litapandikizwa, muulize daktari maswali haya bila kuona haya: Shimo ni moja au mangapi? Ukubwa wake ni sentimita ngapi? Upande wa pili wa goti ukoje? Mguu wangu umenyooka? Asiyeweza kukujibu, huyo anauza tiketi. Wakala wa wanawe wa mama hakuwahi hata kuona picha ya goti. Alitaka amana.

Mwenye goti lililochakaa si kwamba ameachwa. Mazoezi ya kuimarisha msuli wa mbele wa paja yanapunguza maumivu kweli: unakaa kwenye kiti, unanyoosha mguu mmoja mpaka ulale sawa, unahesabu kumi, unashusha, kila siku. Uzito ukipungua, goti linashukuru zaidi ya unavyodhani, kwani kila kilo moja inayoondoka mwilini inaliondolea goti karibu kilo nne kwa kila hatua. Fimbo ishikwe mkono wa upande wa goti zima, si upande wa goti bovu kama tunavyofanya wengi. Diklofenaki na wenzake si peremende. Ukizimeza miezi na miezi bila kupimwa zinachoma tumbo na kudhuru figo. Na mwisho kabisa kuna kubadilishiwa goti, la chuma na plastiki. Huko ndiko dawa ya lami iliyokwisha iliko, tena kunafanyika hapa hapa Kenya, katika hospitali za serikali na za misheni pia. Utafiti uliotolewa mwaka 2019 ulionyesha kwamba magoti ya namna hiyo, karibu manane kati ya kumi, hudumu miaka 25.

Kuhusu malipo, SHA ilichukua mahali pa NHIF Oktoba 2024. Peleka jina la upasuaji kama daktari alivyoliandika, uliza kitakacholipwa na kibali kipatikane mapema. Mimi sasa siandiki barua ya harambee kabla ya hayo mawili kuwa mkononi.

Baada ya kutoka hospitali

Hapa ndipo kazi yetu sisi wa ustawi wa jamii ilipo, na hapa ndipo upasuaji mzuri huharibikia. Aliyepandikizwa hakanyagi uzito wote kwenye mguu huo kwa wiki 6 mpaka 8. Mche umetiwa juzi tu. Lakini goti lisikae bila kukunjwa vilevile, likunjwe na kukunjuliwa kila siku kama mtaalamu wa mazoezi atakavyoonyesha, la sivyo litakauka. Kukimbia ni baada ya miezi tisa, wengine mwaka mzima. Mtu akisikia maumivu yameisha wiki ya nne na kutupa magongo, anakiponda kipandikizi.

Sasa fikiria wiki nane katika boma la kwetu. Njia ina matope na mteremko. Maji yako mtoni. Choo ni cha shimo, na goti halikubali kuchutama. Hakuna daktari aliyeniambia habari ya choo, nilijionea. Kijana wetu alipofanyiwa upasuaji mwaka 2024, akatiwa vijiti vitatu, siku ya pili nyumbani alijaribu kuchutama akishikilia mlango, mama yake akamsikia akipiga kelele. Tukamwita fundi seremala. Akatengeneza kiti cha mbao chenye tundu katikati na mikono ya kushikia, unakiweka juu ya shimo. Kazi ya alasiri moja.

Pikipiki aliiendesha mdogo wake, na tuliandika kabisa ni kiasi gani kinaletwa nyumbani kila jioni, wote wawili wakatia sahihi, maana ndugu hugombana kwa vitu kama hivyo. Akarudi barabarani mwezi wa kumi. Mpira ameacha mwenyewe, sasa anapuliza filimbi. Akishuka mlima goti bado linamsumbua kidogo, hasemi uongo. Nilimuuliza kama angekubali kufanyiwa tena, akacheka: "Mzee, ningekubali, lakini nisingengoja mwaka mzima na maji ya chumvi."

Mama wa chai bado ana nusu eka yake. Kikapu wamechukua wakaza wanawe, yeye anapika na kusimamia. Anafanya mazoezi ya paja asubuhi akisikiliza redio, anatembea na fimbo upande ulio sawa, na ameandikishwa kubadilishiwa goti la kulia. La kushoto anasema ataliamua akishaona hilo la kwanza. Kile kiti cha seremala kimewekwa stoo ya parokia, na ndiye wa kwanza kukiwekea nafasi. Kabla ya zamu yake kufika, mwenye mgonjwa nyumbani anaweza kuja kukiazima. Hatutozi chochote, ila kirudishwe kikiwa kimeoshwa.